Usimtupe Marill mwenye shambulio sifuri

Juzi jioni mdogo wangu kanijia mbio na simu mkononi, "Kaka kaka, nimepata mia!" Nikaangalia, kweli bwana, Azumarill (Marill akishakua) 15/15/15, nyota nne, mistari mitatu imejaa pomoni yote. Nikampa hongera yake maana kudaka mia, yaani mwenye alama zote asilimia mia, porini bila msaada wa hali ya hewa ni bahati ya moja kati ya 4,096, watu wanacheza Pokémon GO miezi na miezi hawajaiona. Keshampandisha mpaka CP (namba ya nguvu) 1497 kwa ajili ya Great League, ile ligi yenye kikomo cha 1500, akasema twende tupigane Azumarill kwa Azumarill. Wangu ana CP 1499, nyota mbili tu. Tukapiga mara tano, nikashinda nne. Akanuna. Afu akaniuliza swali ambalo nimelala nalo siku mbili na ndo sababu ya kuandika hii: "Sasa kama mia inapigwa na nyota mbili, zile nyota ni za kazi gani?"

Mi naona ni swali la maana sana na watu wengi wanalikwepa. Tumezoeshwa kuangalia nyota na CP kama vile unaangalia cheti cha mtihani, mwenye nyingi anabaki mwenye chache anapelekwa kwa profesa, yaani anatupwa, na kila siku watu wanatupa viumbe ambavyo wenye kujua mchezo wanavitafuta kwa tochi. Kiumbe hapimwi hivi hivi hewani, anapimwa kwa kazi unayotaka akufanyie, na ukishaweka kazi mbele hesabu yote inageuka.

Ngoja nieleze taratibu kwa ambao hawajawahi kuingia ndani ya hizi namba. Kila jamii ya Pokémon ina steti zake za kuzaliwa, shambulio, ulinzi na HP (uhai), hizo ni sawa kwa wote wa jamii hiyo. Azumarill ni 112 shambulio, 152 ulinzi, 225 HP, yaani huyu kaumbwa kuvumilia kipigo, siyo kupiga. Juu ya hizo ndo kila kiumbe anaongezewa IV, pointi zake za ziada za shambulio, ulinzi na HP kwa mpangilio huo, kila moja kuanzia 0 mpaka 15, na nyota ni jumla ya hizo IV tatu basi, hamna kingine. Ukifika 45 kati ya 45 nyota nne, 37 mpaka 44 nyota tatu, 30 mpaka 36 mbili, na kadhalika. Nyota haijui unampeleka ligi gani wala muvu (mapigo) alizonazo wala adui atakayekutana naye.

Halafu CP. Hapa ndo penye siri yenyewe na nashangaa haisemwi sana. Kanuni ya CP inachukua shambulio lote kama lilivyo, lakini ulinzi na HP inavichukua kwa kipeuo cha pili, ile tuliyosoma shuleni, afu inazidisha na namba ya levo. Maana yake shambulio linakula CP kuliko vile vingine viwili. Kwenye ligi isiyo na kikomo hilo halikusumbui. Ila kwenye ligi ya 1500 kila pointi ya shambulio inakujazia ndoo haraka, unagonga 1500 ukiwa bado levo ya chini, na levo ndo inayobeba steti zote tatu kwa pamoja. Mwenye shambulio dogo anapenya chini ya kikomo huku akiendelea kupanda levo, ulinzi unakua, HP inakua, na CP bado inasoma 1499.

Tuchukue hawa wawili wetu. Wa mdogo wangu, 15/15/15, anaishia levo 36. Ukipiga hesabu ana shambulio 97.5, ulinzi 128.2, HP 184. Wangu ni 0/15/15, anafika mpaka levo 45.5, shambulio 91.6, ulinzi 136.6, HP 196. Sasa angalia vizuri, maumivu ya pigo lolote yanatokana na shambulio la anayepiga kugawanya kwa ulinzi wa anayepigwa. Wake kumpiga wangu ni 97.5 gawanya kwa 136.6, inakuja 0.71. Wangu kumpiga wake ni 91.6 gawanya kwa 128.2, inakuja 0.71 vilevile! Yani lile shambulio lake la ziada lote limemezwa na ulinzi wangu, tunaumizana sawasawa, ila mimi nina HP 12 zaidi kwenye tangi. Nilipomwandikia hizi namba nyuma ya risiti ya duka akakaa kimya kama dakika nzima anazitazama.

Ile mechi moja aliyoshinda nayo ina sababu yake na sitaki kuificha. Wote wawili tulibonyeza muvu ya kuchaji, ile kubwa inayotumia nishati, kwa wakati mmoja, na ikitokea hivyo gemu inampa nafasi ya kwanza mwenye shambulio kubwa. Play Rough yake ikatoka kabla ya yangu nikaanguka nikiwa na nishati imejaa. Kwa hiyo shambulio siyo takataka hata kidogo. Kuna wachezaji wazuri wanachagua makusudi mwenye shambulio la juu kidogo ili washinde kwenye hizo sare, na mi nawaelewa, ni kazi nyingine hiyo.

Ila sasa, na hapa ndo nataka watu wa hali yangu wanisikilize, ukisoma ushauri wa wachezaji wakubwa wa nje wanakuambia tu "tafuta namba moja kwenye orodha" bila kukuuliza una vumbi kiasi gani, lile la kumpandishia kiumbe levo. Kupanda kutoka levo 40 mpaka 50 kunakula vumbi 250,000 na pipi za XL 296. Ninapokaa mimi vituo vya gemu ni viwili, kimoja nje ya kanisa kingine kwenye sanamu ya mzunguko wa barabara, na kudaka Pokémon wa kawaida kunakupa vumbi 100. Piga mwenyewe hesabu ni viumbe 2,500 kwa huyo mmoja tu. Azumarill wangu wa levo 45.5 hakufika huko kote lakini bado kanichukua karibu mwaka mzima, na nilikuwa namtembeza kama patna ili anipe pipi kila asubuhi nikienda kazini.

Kwa hiyo kwa mtu asiye na pipi za XL, yule 0/15/15 ni mtego! Akigota levo 40 anasoma CP 1400 tu, anaingia ulingoni akiwa pungufu ya pointi mia nzima. Kwa mtu huyo anayefaa ni 8/15/15, huyo levo 40 kamili anagusa 1500 juu ya alama, ulinzi karibu 132, HP 189, na hadai hata pipi moja ya XL. Na ile mia ya mdogo wangu inayoishia levo 36 ndo ya bei rahisi kuliko zote, hapo ukubali kwamba inatosha, maana HP 184 kwa 196 haitakuvusha wala kukuangusha kama hujui muda wa kutumia ngao. Yani Azumarill ni yuleyule mmoja lakini jibu ni matatu, kutegemea mfuko wa mwenye naye. Ndo maana nasema nyota peke yake haiwezi kukuambia kitu.

Kwenye raidi, zile vita za kundi dhidi ya bosi mmoja, mambo yanageuka kabisa. Kule hamna kikomo cha CP, unagombana na muda, kwa hiyo shambulio ndo mfalme. Lakini hata kule watu wanaumia roho bure. Mewtwo wa raidi akiwa mia anasoma 2387 kabla hujamdaka, na nimeona watu wanapata 2330 wanasonya kama wamepoteza mtoto. Wa raidi ya kawaida (siyo ya kivuli) hashuki chini ya 10/10/10. Mewtwo steti yake ya shambulio ni 300, kwa hiyo mbovu kuliko wote ana 310 na mia ana 315, tofauti asilimia 1.6. Na gemu inakata desimali kwenye kila pigo, haina nusu pointi, mara nyingi hiyo 1.6 inapotea yote isionekane, mara nyingine inakupa pointi moja kwa pigo. Moja! Huyo Mewtwo wa 10/10/10 mwenye muvu ya Psystrike anamzidi mbali mia asiye nayo, na hilo halionekani kwenye nyota popote.

Kuna kosa langu moja linaniuma mpaka leo. Nilimwokoa Machamp wa kivuli kutoka kwa Team Rocket, lile genge la wabaya wa gemu, IV zake zilikuwa mbaya, kama 4/11/9 hivi. Nikaona ukimtakasa anaongezewa 2 kila steti, na anapata ule mwanga mweupe mzuri, nikamtakasa. Sikujua kivuli kinampa shambulio asilimia 20 zaidi, ingawa na yeye anaumia asilimia 20 zaidi. Machamp shambulio lake ni 234, kutoka IV 0 mpaka 15 ni kutoka 234 mpaka 249, yaani kama asilimia sita. Kwa raidi Machamp wa kivuli mwenye IV mbovu kabisa anapiga kuliko mia wa kawaida, na mimi nilibadilisha asilimia 20 kwa pointi mbilimbili. Ukishatakasa huwezi kurudi nyuma. Tafadhali kama unasoma hapa na una kivuli chochote chenye shambulio la maana, mwache kivuli chake, hata kama nyota ni sifuri.

Muvu nazo jamani. Kama ningeambiwa nichague kitu kimoja cha kuangalia kabla ya vyote ningeangalia jamii yake kwanza, afu muvu, IV ingekuja mwisho kabisa. Slaking ni mfano ninaopenda kuwapa watu wapya, shambulio 290, levo 40 akiwa mia anafika CP 4431, anawapita hata baadhi ya viumbe vya hadithi (legendary). Lakini kwa miaka mingi muvu yake ya haraka ilikuwa Yawn, miayo, nguvu yake ni sifuri. Lile dubwana lote na CP yote ile linasimama mbele ya adui linapiga miayo. Swampert naye, akiwa na Mud Shot na Hydro Cannon anatisha kwa sababu Mud Shot inajaza nishati haraka na Hydro Cannon inataka nishati 40 tu, unamrushia mwenzako mpaka ngao zinaisha. Mtoe Hydro Cannon umpe Surf, siyo Swampert yule tena, hata awe na IV gani. Na hiyo Hydro Cannon huipati siku yoyote unayotaka, unasubiri tukio au unatumia Elite TM, kifaa cha kubadilisha muvu ambacho ni adimu, kwa hiyo ukidaka Mudkip mzuri, ambaye ndo Swampert akiwa mdogo, usikimbilie kumbadilisha siku hiyohiyo kwa raha ya kumwona mkubwa.

Na Swampert akikutana na majani anaumia mara 2.56, kwa sababu ni maji na ardhi kwa pamoja. Hakuna IV ya kukuokoa hapo, iwe 0/15/15 iwe mia. Ile tofauti ya HP 12 niliyoisherehekea juu inafutwa na kosa moja la kumwingiza kiumbe mbele ya adui asiye wake.

Master League, ile ligi isiyo na kikomo cha CP, nawaachia wanaotafuta mia, na wana haki. Kule kila mtu kampandisha wake mpaka levo 50, Dialga anakutana na Dialga, na mwenye shambulio 14 atatanguliwa na mwenye 15 kila wakibonyeza pamoja. Kule pointi moja ni mechi. Ila mpe mtu muda wa kufika huko, siyo mtoto ana wiki tatu kwenye gemu tayari anaambiwa wake ni takataka.

Sasa mdogo wangu, baada ya kuzitazama zile namba, akanipa simu tusafishe boksi lake pamoja. Nikamwonyesha kwenye kutafuta uandike 0-1attack&3-4defense&3-4hp, inakuletea wote wenye shambulio 0 mpaka 5 na ulinzi na HP kuanzia 11. Wakatokea kumi na saba. Katikati yao Marill 1/14/15 aliyemdaka mwezi uliopita, nyota mbili, alikuwa keshampangia kumpeleka kwa profesa na hajawahi hata kumpa jina. Akaniuliza, "Kaka, huyu pipi za XL ngapi?" Nikamwambia nyingi. Akamweka patna hapohapo, kavaa viatu, kasema anatoka mara moja mpaka kanisani anarudi.