Mdundiko wetu na misafara ya New Orleans

Jamani niseme tu wazi, watu weusi wa New Orleans kule Marekani wanaitunza ngoma ya mababu zao kuliko sisi tuliobaki nayo nyumbani, na mimi hili linaniuma sana.

Nimekulia Temeke, Dar es Salaam, kwenye mdundiko, ile ngoma ya Kizaramo inayopigwa ikizunguka mtaani, sasa naishi huku New Orleans, na karibu kila Jumapili kuanzia kama Septemba mpaka Juni kunakuwa na msafara wanauita sekendi laini, bendi ya matarumbeta inatangulia na wenye shughuli, nyuma yao mtaa mzima unajiunga, miavuli juu, leso zinapepea, yule wa ngoma kubwa kafunga upatu juu ya ngoma anaugonga kwa bisibisi, yani bisibisi hii hii ya fundi. Mtu wa Mbagala akishushwa pale hafundishwi kitu. Na wanaoandaa ni vyama vya kusaidiana, kufa na kuzikana kama vyetu tu.

Alafu wanajua walikotoka. Kuna uwanja unaitwa Congo Square, watumwa walikuwa wanapiga ngoma pale Jumapili, mwaka 1817 jiji likaagiza wakusanyike siku hiyo tu na sehemu atakayopanga meya. Afadhali hapo, maana kule jimbo la South Carolina baada ya uasi wa watumwa wa 1739 ngoma zilipigwa marufuku kabisa! Mwaka 1809 wakaingia maelfu waliokimbia Haiti wakapitia Cuba, wakaja na midundo yao, kisha sheria za ubaguzi za miaka ya 1890 zikawasukuma Wakrioli, yani machotara wa Kiafrika na Kifaransa, wengi wao wamesomea muziki wa nota, kwenye kundi moja na weusi wenzao waliopiga kwa sikio. Humo ndo wametoka wanamuziki kina Jelly Roll Morton na Sidney Bechet, muziki wa jazi ukaiva.

Sasa kwetu mtu akipata hela kidogo harusini anakodi MC na maspika, mdundiko anauita uhuni wa uswahilini. Shuleni ngoma ni ya kumpokea mgeni rasmi basi, wakati huku watoto wa sekondari wanapuliza tromboni barabarani kwenye sherehe za kanivali za Mardi Gras na wazazi wanawafuata na maji.

Najua mtasema mdundiko una vibaka na fujo. Huku mwaka 2013, Siku ya Mama, watu 19 walijeruhiwa kwa risasi kwenye msafara kama huu, na hawakuufuta, polisi wanatangulia, kibali kinalipiwa, njia inajulikana. Temeke na Ilala washindwe nini kutenga hata Jumapili moja kwa mwezi, wafunge barabara, na wale wazee wa Kizaramo wanaojua kupiga walipwe kama wanavyolipwa MC?