Rufaa ya matokeo inapochelewa: mahakama iombwe nini?

Mwanafunzi wa chuo kikuu jijini Dar es Salaam aliyeomba mtihani wake usahihishwe upya, akalipia rufaa na kukaa miezi kadhaa bila jibu, hapotezi alama peke yake. Mkopo unaweza kusimama, usajili wa mwaka unaofuata ukampita, na akadisko, kama wanavyosema wanafunzi wenyewe, yaani akaondolewa chuoni, kwa matokeo ambayo bado yana ubishi.

Vyuo vina hoja isiyofaa kubezwa. Kusahihisha upya kunahitaji mtahini mwingine anayelimudu somo, na uamuzi hupitia vikao kadhaa kabla ya kuthibitishwa. Ukiharakishwa mno, mwanafunzi atapata jibu la upesi lisilo la haki. Mahakama nazo husita kuingilia taaluma. Nchini Uingereza, Mahakama ya Rufani ilieleza mwaka 2000, katika shauri la mwanafunzi dhidi ya Chuo Kikuu cha Lincolnshire and Humberside, kwamba tathmini ya kitaaluma si jambo la kuamuliwa na majaji, ingawa mwanafunzi anaweza kudai chuo kifuate kanuni zake. Naona msimamo huo ni sahihi.

Lakini kuchelewa si suala la taaluma. Ibara ya 13(6)(a) ya Katiba ya Tanzania ya mwaka 1977 inampa mtu haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu na haki ya kukata rufani, si mbele ya mahakama tu bali pia mbele ya chombo kingine kinachoamua haki zake. Rufaa iliyofungiwa kabatini inaiua haki hiyo kimyakimya. Kwa chuo cha umma, nafuu inayofaa ni amri ya mandamus, ambayo kwayo Mahakama Kuu hukiamuru chuo kitoe uamuzi bila kukielekeza kiamue nini.

Amri hiyo haitolewi kirahisi. Katika shauri la mwaka 1986 dhidi ya Mkuu wa Mkoa wa Kagera, Mahakama Kuu ilitaka mwombaji aonyeshe, pamoja na mengine, kwamba alidai wajibu utekelezwe akakataliwa, kwamba wajibu huo ni wa lazima, na kwamba hana nafuu nyingine inayofaa. Hapa ndipo wengi wanapokwama, kwa sababu wamefuatilia kwa simu na kwa kumpitia mratibu wa mitihani ofisini, wala hawana nakala ya barua yenye mhuri wa kupokelewa na tarehe. Isitoshe, Kanuni za mwaka 2014 za utaratibu wa maombi ya aina hii zinataka kibali cha kufungua maombi kiombwe mahakamani ndani ya miezi 6 tangu tendo au kutotenda kunakolalamikiwa, hivyo subira inaweza kumfungia mlango. Mwanafunzi wa chuo binafsi atalazimika zaidi kuegemea mkataba wake na chuo.

Chuo kinachohofia kushtakiwa kwa kila mtihani uliofeliwa kinaweza kujikinga kwa kuandika katika kanuni zake siku za kujibu rufaa, na kumruhusu mwanafunzi aendelee na masomo kwa muda hadi iamuliwe.