Naai Sekar: jina ni la nani?

Filamu ya Kitamil, lugha ya kusini mwa India, iitwayo Naai Sekar, iliyotoka Januari 13, 2022, inahusu mfanyakazi wa kampuni ya kompyuta asiyependa mbwa hata kidogo. Jirani yake ni mwanasayansi anayefanya majaribio ya kuwatia wanyama tabia za binadamu. Siku moja mbwa wa jirani anamng'ata, na tabia zao zinabadilishana: mtu anabaki na sura yake lakini silika yake ni ya mbwa, na mbwa anapata akili za mtu. Ni kichekesho cha kisayansi, chepesi, cha kutazama na watoto. Lakini ikitajwa mbele ya wapenzi wa sinema ya Kitamil, ubishi unaozuka hauhusu sayansi. Unahusu jina.

Naai kwa Kitamil ni mbwa, na Naai Sekar wa kwanza alikuwa mhuni wa mdomo mtupu aliyeigizwa na mchekeshaji Vadivelu katika filamu ya Thalainagaram ya mwaka 2006. Mwaka 2021 Vadivelu alikuwa anarudi kwenye sinema baada ya miaka ya kukaa nje kwa sababu ya mgogoro na watayarishaji. Kampuni ya filamu ya Lyca ilimwandalia filamu chini ya Suraj, muongozaji yuleyule wa Thalainagaram, na jina walilolitaka ni Naai Sekar. Wakakuta kampuni nyingine, AGS, imeshalisajili kwa ajili ya filamu hii ya mbwa, akiigiza Sathish. AGS hawakuliachia. Filamu ya Vadivelu ikalazimika kuitwa Naai Sekar Returns, ikatoka Desemba 2022.

Wanaomtetea Vadivelu wana hoja nzito, na si ya ushabiki tu. Jina hilo bila yeye halina uzito wowote; ni sauti yake, macho yake na woga wake uliojificha nyuma ya majigambo ndivyo vilivyolifanya likae midomoni mwa watu kwa miaka 15. Wahusika wake wana maisha nje ya filamu. Mwaka 2019 mamilioni ya watu mitandaoni walikuwa "wakimwombea" Nesamani, fundi aliyeigizwa naye katika filamu ya mwaka 2001, kana kwamba ni mgonjwa wa kweli aliyelazwa hospitalini. Mtu wa namna hiyo akinyimwa jina lake siku anayorudi kazini, hata mimi naona inauma.

Ila kuuma si hoja ya umiliki. Kisheria jambo hili halina ugumu: Mahakama ya Juu ya India iliamua mwaka 2015, katika kesi ya filamu Desi Boys, kwamba jina la filamu peke yake halina hakimiliki. Kinachobaki ni desturi ya vyama vya watayarishaji, na desturi ni kwamba aliyesajili kwanza ndiye mwenyewe. AGS walifuata mlango huo.

Kinachonishangaza zaidi ni jinsi watu wanavyozungumza kana kwamba kuchukua jina ni kitendo kipya. Sinema ya Kitamil inaishi kwa majina yaliyokwisha kuvaliwa. Polladhavan ilikuwa ya Rajinikanth mwaka 1980. Dhanush akaichukua 2007 kwa kisa kingine kabisa. Padikkadavan, 1985, ikarudi 2009. Velaikkaran ya 1987 ikarudi 2017 kwa Sivakarthikeyan, na mwigizaji huyohuyo akachukua Maaveeran mwaka 2023. Netrikann ya 1981 ilikwenda kwa Nayanthara mwaka 2021, mwaka uleule wa ugomvi huu. Hayo yote ni majina ya filamu za Rajinikanth, nyota mkubwa kuliko wote huko Chennai, mji wa sinema ya Kitamil, na kila mara yalipochukuliwa ilihesabiwa kuwa heshima. Hata mbwa wa filamu hii anaitwa Padayappa, jina la filamu ya Rajinikanth ya mwaka 1999.

Mtetezi wa Vadivelu atajibu kwamba Rajinikanth ana mali na jina lake halimtegemei. Mchekeshaji akinyang'anywa mhusika amenyang'anywa mtaji. Jibu hilo ndilo ninaloliona la maana kuliko yote upande wao, kwa sababu wachekeshaji wa Kitamil wamechotwa kwa muda mrefu bila kuulizwa. Varuthapadatha Vaalibar Sangam ilikuwa genge la mhusika wa Vadivelu katika filamu ya Winner, 2003. Mwaka 2013 ikawa jina la filamu ya mtu mwingine. Na Naanum Rowdydhaan, filamu ya mwaka 2015 ya Vijay Sethupathi na Nayanthara, imechukua maneno ya Naai Sekar mwenyewe kutoka Thalainagaram: na mimi ni mhuni. Kauli ya mhusika ilishachukuliwa miaka sita kabla ya jina lake, na filamu ile ilipendwa bila mtu kudai irudishwe kwa mwenyewe. Kwa nini basi lawama zote zimwangukie Sathish?

Nadhani ni kwa sababu yeye ni mdogo. Kwa miaka mingi alikuwa rafiki wa shujaa, anayetia maneno mawili ya utani kisha anapisha. Hii ilikuwa filamu yake ya kwanza kuwa mhusika mkuu, na ya kwanza pia kwa muongozaji Kishore Rajkumar. Ilitoka wakati wa Pongal, sikukuu ya mavuno, yenye masharti ya korona ya aina ya Omicron, kumbi zikiruhusiwa kujaza nusu ya viti na Jumapili watu wakifungiwa ndani. Filamu kubwa ya msimu, Valimai ya Ajith, iliahirishwa. Kwa filamu kama hiyo jina linalojulikana ndilo bango lake.

Tena wao walilifanyia kazi. Katika Thalainagaram mbwa yuko kwenye jina la utani tu. Hapa Sekar anakuwa mbwa kweli, na utani wa mtaani umegeuzwa mtambo wa kisa kizima. Siisifii filamu kupita kiasi. Sayansi yake ni kisingizio, mapenzi yake yamebandikwa, na mbwa, anayesemewa na Mirchi Shiva, anachekesha kuliko binadamu aliyelipiwa bango. Lakini ukiiondolea hilo jina, kuna kitu kinapungua ndani ya hadithi. Naai Sekar Returns, yenye mwizi wa mbwa na uso halisi wa Vadivelu, ilikuwa na haki zote za kihisia na bado ikanyong'onyea, na sidhani kwamba kuondolewa neno Returns kungeiokoa.

Kuna mtu mmoja ambaye pande zote mbili zimemsahau. Mwigizaji hajiandikii filamu peke yake. Tukikubali kwamba mhusika ana mwenyewe, na kwamba jina lisichukuliwe bila ridhaa yake, dai la Suraj, aliyeiongoza Thalainagaram, lina nguvu angalau sawa na la Vadivelu. Lakini katika kelele zote za 2021 alihesabiwa kama mtu wa kambi ya Vadivelu tu.