Tajiri, Nahodha na Mkasi

Juzi baada ya magharibi nilikaa Forodhani na kijana anayetengeneza filamu. Laptopu mapajani, bakuli la urojo linapoa pembeni. Tajiri wake aliyetoa fedha za filamu, mwenye duka Darajani, kamtumia ujumbe wa sauti: mwisho ubadilishwe, mke arudi kwa mumewe, "watu watoke na furaha." Kijana akaniuliza: hii filamu ya nani hasa?

Orson Welles, mwongozaji filamu wa Marekani, lilimkuta hilo mwaka 1942. Katika filamu yake Citizen Kane mkataba ulimpa neno la mwisho. Katika The Magnificent Ambersons alikubali mkataba uliomnyima. Akaenda zake Brazil kupiga picha nyingine. Huku nyuma studio ya RKO ikaionyesha kazi yake kwa majaribio mjini Pomona, California, na baadhi ya watazamaji wakacheka pasipo pa kucheka. Mkasi ukapita: dakika 131 zikawa 88, mwisho wa matumaini ukapachikwa, na vipande vilivyotolewa vikaangamizwa.

Ni rahisi kumlilia msanii. Lakini fedha zilikuwa za RKO, na watu walicheka kweli. Tena mwangalieni mwongozaji mwingine, Michael Cimino. Kampuni ya filamu ya United Artists walimwachia usukani. Filamu yake Heaven's Gate ya 1980 ikala kama dola milioni 44, ikarudisha chini ya milioni 4. Mwaka uliofuata kampuni ikauzwa kwa studio ya MGM. (Filamu yenyewe, toleo refu, leo ina wapenzi wake. Faraja hiyo haimlipi mtu deni.)

Kwa desturi ya vyombo vyetu, tajiri hupanga shehena na safari. Tanga likishatwekwa, amri ya nahodha. Kwenye filamu shida ni kwamba tajiri hurudi kudai usukani chombo kikiwa katikati ya mkondo. Hata hivyo namkubalia haki ya kukata. Ya kuangamiza, hapana. Blade Runner ya Ridley Scott ilitoka 1982 na sauti ya msimulizi na mwisho mwema walioutaka wakubwa wa studio. Kwa kuwa picha zilihifadhiwa, mwaka 2007 akatoa toleo lake mwenyewe. Ambersons haina pa kurudi.

Nikamuuliza kijana kuhusu mkataba. Hana, walielewana kwa mdomo. Basi nikamwambia kabla hajajibu ule ujumbe, anakili kila kitu kwenye diski, akaifiche kwa mama yake.

Akacheka, akavuta bakuli lake. "Diski yenyewe kanunua tajiri."