Mechi ya Chuo Iko Wapi? Muulize Mwenye Uwanja

Jumamosi moja ya Septemba sebule yangu hapa Texas ilijaa watu. Dada na shemeji walikuwa wametoka kwao, mwendo wa saa mbili kwa gari, pilau la mbuzi lilikuwa mezani, na Mjomba wetu wa Tanga, aliyekuja kututembelea kwa miezi mitatu, alishapewa kiti cha heshima mbele ya televisheni. Shughuli yote hiyo ilikuwa kwa ajili ya mpwa wangu. Hachezi mpira, yaani futiboli ya Kimarekani. Anapiga tromboni kwenye bendi ya chuo, na siku hiyo ndiyo alikuwa anaingia uwanjani kwa mara ya kwanza, na kofia yake yenye nyoya. Mwenye kifurushi cha televisheni ya mtandaoni ni mimi, chaneli zaidi ya 100, kwa hiyo mwenye kuahidi alikuwa mimi.

Saa ikafika. Nikaandika jina la chuo kwenye kisanduku cha kutafutia. Ikaja mechi ya wiki iliyopita, ikaja ya wiki ijayo. Ya leo hamna. Nikapita chaneli za michezo moja baada ya nyingine: gofu, mpira wa wavu wa wasichana, wanaume wanne waliovaa tai wakijadili mechi zinazochezwa muda huohuo. Nikafunga programu nikaifungua tena. Shemeji akasema nichomoe ruta. Nikachomoa ruta.

Mjomba, shabiki wa damu wa Coastal Union, timu ya soka ya Tanga, alikuwa kimya muda wote huo. Mwisho akauliza, "Anko, hiki kitu unalipia ngapi?" Nikamwambia dola 80 na ushee kwa mwezi. Nikamwona midomo inacheza, anazigeuza kuwa shilingi. "Laki mbili na kitu," akasema taratibu. "Kwa hela hiyo kila mwezi, mimi pale Ngamiani ningekuwa na kibanda umiza changu mwenyewe, na mabenchi."

Tulikuja kuipata robo ya tatu, baada ya mpwa mwenyewe kumtumia mama yake ujumbe: "Mmeniona?" Mechi ilikuwa kwenye programu nyingine kabisa, ya kulipia pembeni. Bendi ilikuwa imeshapiga na kurudi kukaa. (Na tuseme ukweli, hata tungekuwa nayo tangu dakika ya kwanza tusingemwona. Wakati wa mapumziko kamera hukimbilia studio kwa wale wenye tai, bendi inabaki kuwapigia walioko uwanjani.)

Tangu siku hiyo nimekuwa fundi wa jambo hili bila kutaka. Kwenye kundi letu la WhatsApp, vuli ikiingia tu, kila Jumamosi kuna mtu anauliza mbona mechi ya chuo cha mwanawe haionekani, na wenzake wanaitikia kwa kuitukana programu anayoilipia. Mimi naona matusi hayo yanagonga mlango wa jirani. Programu zina makosa yake na nitayasema, lakini waliozitawanya mechi ni vyuo vyenyewe.

Kitu cha kwanza ambacho hakuna anayekuambia ukijiunga ni hiki: picha za mechi ni mali ya mwenyeji. Vyuo vikubwa vimejigawa kwenye makundi yanayoitwa konferensi, kama SEC, Big Ten, ACC na Big 12, na kila konferensi ni duka lenye muuzaji wake na wateja wake. Anayecheza nyumbani ndiye ambaye konferensi yake imeuza. Kwa hiyo timu ileile unayoishabikia unaweza kuiona Jumamosi hii chaneli ya ABC, Jumamosi ijayo imeenda chaneli ya NBC, kisa imesafiri. Notre Dame, kile chuo cha Kikatoliki cha Indiana, kimekuwa kikiwauzia NBC mechi zake za nyumbani tangu 1991. Kikiwa mgeni, utakiona kule alikouza mwenyeji. Na hata nyumbani kwenyewe hakuna uhakika: Septemba 2021 Notre Dame walipowakaribisha Toledo, mechi haikuonyeshwa NBC. Ilipelekwa Peacock, programu ya kulipia ya wenye NBC haohao.

Zamani mambo hayakuwa hivi. Yalikuwa mabaya kwa namna nyingine. NCAA, chama kinachosimamia michezo ya vyuo, kiliogopa kwamba watu wakitazama mpira nyumbani viwanja vitabaki vitupu, kwa hiyo tangu miaka ya 1950 kikawa ndicho kinachoamua mechi zipi zionyeshwe. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 kanuni zilikuwa zinasema chuo kisionekane kwenye televisheni zaidi ya mara 6 ndani ya miaka 2. Mara sita! Vyuo vya Oklahoma na Georgia vikachoka, vikaenda mahakamani, na mwaka 1984 Mahakama ya Juu ya Marekani ikaamua kwa majaji 7 dhidi ya 2 kwamba NCAA inabana soko kinyume cha sheria. Kuanzia hapo kila mmoja akawa huru kuuza kivyake.

Mmoja wa wale majaji wawili waliokataa alikuwa Byron White. Huyu kabla ya sheria alikuwa mchezaji, na si mchezaji wa kubahatisha, nyota wa chuo cha Colorado miaka ya 1930 ambaye baadaye alicheza kulipwa. Yeye alisema michezo ya vyuo isipimwe kama biashara nyingine yoyote, kwa kuwa ni sehemu ya elimu. Nikiangalia leo naona mzee aliona mbali. Ila niwe mkweli, kanuni alizokuwa anazitetea zingefanya mechi ya mpwa wangu isionyeshwe popote, hata kwenye hiyo programu ya pembeni. Hapo ndipo jambo hili linaponichanganya: hakujawahi kuwa na wakati ambapo mechi nyingi namna hii zinapigwa picha, na hakujawahi kuwa na wakati ambapo kuzipata kunahitaji ramani kama sasa.

Mwaka 2022 Big Ten waligawa mechi zao kwa Fox, CBS na NBC kwa pamoja, miaka 7, zaidi ya dola bilioni 7. Hesabu mwenyewe. Shabiki wa Ohio State, chuo cha Big Ten, anaweza kuizungukia timu moja, ndani ya msimu mmoja wa mechi 12, kuanzia Fox hadi CBS hadi NBC, akapitia Peacock na chaneli ya konferensi yenyewe, Big Ten Network. Hakuna aliyemwekea njama. Ni kwamba wanunuzi watatu hutoa hela kuliko mmoja, na muuzaji alilijua hilo.

Wengine watasema afadhali SEC, maana tangu 2024 mechi zao zote ziko nyumba moja ya ABC na ESPN. Nilidhani hivyo mimi pia. Lakini ndani ya nyumba hiyo kuna vyumba visivyo na namba mlangoni. SEC Network ni chaneli, utaiona kwenye orodha. SEC Network+ si chaneli. Inaishi ndani ya programu ya ESPN tu, na ndiko zinakotupwa baadhi ya mechi za mwanzo wa msimu, pale chuo kikubwa kinapokaribisha chuo kidogo kije kupigwa pointi 50 na kuondoka na hundi. Ili uifikie, televisheni inakupa tarakimu za kuwashia, unazihamishia kwenye simu, unachagua kampuni unayoilipa, unaandika nywila uliyoisahau, unaambiwa tarakimu zimeisha muda, unaanza upya. Mama yake mtu amekaa hapo na sahani mapajani.

Na hizo mechi "ndogo" ndizo wazazi wanazozitaka kuliko zote! Pointi zikishafika 40 kwa 3, kocha anawatoa nyota anaingiza watoto wa akiba, wale ambao wamefanya mazoezi mwaka mzima ili wacheze dakika sita. Dabi kubwa ya Novemba, iliyo kwenye chaneli kubwa, huyo mtoto anaitazama amekaa benchi kama sisi.

Matundu mengine yako kwa programu zenyewe, na hapa sizitetei. Sling haina CBS. Fubo, iliyojiuza kama televisheni ya wapenda michezo, ilitengana na chaneli ya TNT na ndugu zake mwaka 2020, ikaonekana si kitu, hadi Desemba 2024 mechi mbili za mtoano wa ubingwa wa vyuo zilipoonyeshwa TNT. Vyuo vya konferensi ya CAA, kule upande wa mashariki, mechi zao nyingi zimekuwa FloSports, programu nyingine ya kulipia, jina ambalo nusu ya ukoo wangu wanafikiri ni la viatu.

Halafu kuna ugomvi. Kila mwenye chaneli anamtoza msambazaji, yaani kampuni unayoilipa wewe, ada kwa kila kichwa kinacholipia, na mkataba ukiisha wanavutana. Wakishindwana, chaneli zinakatwa. Angalia tu zinakatwa lini. Tarehe 31 Agosti 2023 Disney, wenye ABC na ESPN, na Spectrum, kampuni ya kebo, walishindwana, ESPN ikazimika wakati chuo cha Florida wakiwa uwanjani ugenini Utah. Wakapatana Septemba 11, siku ya Monday Night Football, mechi ya ligi ya kulipwa ya Jumatatu usiku inayoonyeshwa ESPN. Septemba 1 mwaka uliofuata ikawa Disney na DirecTV, msambazaji wa setilaiti, siku vyuo vya LSU na USC vinakutana Las Vegas, karibu wiki mbili za giza. Mwaka 2025 ikawa zamu ya YouTube TV, msambazaji wa mtandaoni: Disney wakatoka Oktoba 30, wakarudi Novemba 14, na katikati Jumamosi mbili nzima za mpira zikapita. Miaka mitatu mfululizo, na wakati wa ugomvi ni uleule wa msimu. Mechi ya chuo ndiyo fimbo. Mtu hapigi simu kulalamikia chaneli ya mapishi.

Ningependa kuwaonea huruma wasambazaji, ila YouTube TV ilianza 2017 kwa dola 35 na ilipofika 2025 ilikuwa dola 82.99. Wakiambiwa walipe zaidi wanaongeza bei, wakikataa kulipa wanakata chaneli. Vyovyote vile anayelipa ni yule aliyeshika rimoti.

Wanaoamini kwamba haya yote ni usumbufu mdogo wa Jumamosi wawaulize vyuo vya pwani ya magharibi. Konferensi yao, Pac-12, walianzisha chaneli zao wenyewe mwaka 2012, bila mshirika mkubwa, ili faida yote ibaki kwao. DirecTV hawakuwahi kuzibeba. YouTube TV nao hawakuzibeba. Miaka ikapita, mpira mzuri tu wa California na Oregon unachezwa usiku kwenye chaneli ambayo mashabiki wengi hawawezi kuifungua, hela haiji, na wenzao wa Big Ten wanazidi kunenepa. Ulipofika 2024, vyuo 10 kati ya 12 vilikuwa vimehamia konferensi nyingine, na chaneli zikafungwa. Walibaki Oregon State na Washington State, kama watu wawili kwenye nyumba ya urithi iliyouzwa samani. Chaneli peke yake haikuiua Pac-12, lakini jeneza lilikuwa na mbao zake.

Mjomba nilipomweleza haya alinitazama kama mtu aliyeuziwa kiwanja chenye kesi. Nyumbani, Azam walisaini na TFF mwaka 2021 mkataba wa miaka 10 wa Ligi Kuu, na Coastal Union akicheza Mkwakwani au ugenini, king'amuzi ni kilekile. Sisemi mnunuzi mmoja ndiyo dawa. Mnunuzi mmoja akiamua bei, nawe huna pa kukimbilia. Lakini swali la "iko chaneli gani" halimpotezei Mjomba pilau lake.

Kinachonikera kwa vyuo ni kwamba vingi kati ya hivi ni vyuo vya umma. Majimbo yanavihudumia, wazazi wanavilipa ada, na mpira unaelezwa kama kitu cha jamii nzima, mpaka unapofika wakati wa kuuza. Wameuza hata saa. Televisheni ina haki ya kuamua mechi ianze saa ngapi na mara nyingi inatangaza siku 12 kabla, wakati mwingine siku 6. Dada alishakata tiketi ya ndege kwenda kumwona mwanawe mchana, mechi ikasogezwa usiku, hoteli ikapanda. Konferensi yenye mabilioni kwenye mkataba imeshindwa kuweka kifungu kimoja kwamba mzazi wa mwanafunzi, awe mchezaji au mpiga tromboni, apewe njia ya kutazama bila kununua kitu cha tatu? Sidhani kama wamejaribu wakakataliwa. Nadhani hakuna aliyekumbuka kuuliza.

Mimi sasa nina utaratibu. Jumatano usiku naangalia mwenyeji ni nani, si timu yetu ni ipi. Kisha konferensi ya mwenyeji, kisha ukurasa wa michezo wa chuo hicho, ambao unaandika chaneli kwa usahihi kuliko programu yoyote. Tarakimu za kuwashia naziingiza Ijumaa, nyumba ikiwa kimya. Nywila nimeibandika nyuma ya ruta.

Mjomba alisharudi Tanga. Juzi alinitumia sauti, nyuma yake kelele za kibanda, anauliza kijana na lile tarumbeta lake refu wanacheza lini. Nikamwambia Jumamosi, tuko ugenini, na safari hii chaneli ipo. Akanyamaza kidogo. "Umeshaiona kwa macho yako, anko, au umeambiwa?"