Zamu 10,363 za Joe Thomas: sifa au deni?

Tarehe 22 Oktoba 2017, katika robo ya tatu ya mechi dhidi ya Tennessee Titans, Joe Thomas, mzuiaji wa Cleveland Browns katika futiboli ya Kimarekani, alibaki chini kwenye nyasi za uwanja wa nyumbani, ameushika mkono wake wa kushoto. Msuli wa nyuma ya mkono, ule ulio juu ya kiwiko, ulikuwa umechanika. Lilikuwa shambulizi la kawaida la kukimbia na mpira, la aina aliyoicheza maelfu ya mara. Akatoka nje. Tangu aingie NFL, ligi kuu ya mchezo huo Marekani, mwaka 2007 hakuwa amekosa hata zamu moja, yaani mpira mmoja ulioanzishwa timu yake ikishambulia, hata katika mechi ambazo zilishaharibika na kila mtu uwanjani anajua. Hesabu ikasimama kwenye 10,363. Tangu ligi ianze kuweka kumbukumbu hizo mwaka 1999, hakuna aliyeonekana kufika huko.

Miaka yote hii namba hiyo inatajwa kama pongezi. Mimi pia niliipongeza. Lakini kadiri ninavyoifikiria, naona ina kurasa mbili, na watu wengi wamesoma moja tu.

Kwanza kazi yenyewe, kwa msomaji ambaye futiboli ya Kimarekani haijui sana. Aliyezoea raga anajua kwamba kumzuia mtu asiye na mpira ni kosa. Hapa ndiyo ajira. Wanaume watano wakubwa wanajipanga mbele ya kwotabeki, yule anayerusha mpira. Wa katikati, senta, anaurudisha mpira nyuma kati ya miguu yake. Pembeni yake kuna magadi wawili, na ukingoni kila upande kuna mmoja. Sheria haziwaruhusu kupokea pasi isipokuwa kwa mpango maalumu, na wengi wao wanastaafu bila kufunga hata mara moja. Kazi yao ni kuzuia tu.

Thomas alicheza ukingo wa kushoto. Kwotabeki anayetumia mkono wa kulia huupa mgongo upande huo anapojiandaa kurusha, kwa hiyo adui mwenye kasi kuliko wote hutumwa huko. Tazama video zake polepole. Mguu wa kushoto unarudi nyuma kwa hatua fupi, wa kulia unaufuata bila kuupita, magoti yamekunjwa, na viganja viko karibu na kifua vikisubiri. Mtu wa kilo 140 hivi anarudi kinyumenyume kama anateleza kwenye sakafu iliyolowa. Adui anakuja, kiganja kimoja kinatua kifuani mwake, safari yake inaishia hapo. Hakuna mtangazaji aliyepaza sauti. Uzuri wa kazi hii ni kwamba ikifanyika sawasawa, hakuna kilichotokea.

Ndiyo maana namba 10,363 ilipendwa sana. Mrushaji ana yadi zake, mkimbiaji ana zake, mfungaji ana mabao yake. Mzuiaji hana takwimu ambayo mtoto anaweza kuitaja shuleni. Thomas aliipata moja, nayo ilikuwa ya kuhudhuria.

Upande wa sifa una uzito wake na sitaupunguza. Alichaguliwa wa tatu katika uteuzi wa wachezaji wapya wa 2007, na badala ya kwenda New York kuvaa suti mbele ya kamera alikuwa na baba yake ziwani Michigan wakivua samaki. Misimu kumi ya kwanza, mara kumi akaitwa kwenye Pro Bowl, mchezo wa nyota wa ligi. Mara sita alitajwa kuwa bora katika nafasi yake kwenye ligi nzima. Alizuia mbele ya makwotabeki wapatao 20 tofauti na chini ya makocha wakuu sita. Katika muda huo wote Browns walishinda mechi 48 na kupoteza 128. Msimu wa 2016 walishinda moja, na ule wa 2017 hawakushinda hata moja kati ya 16.

Kuna jambo moja la kiufundi ambalo wanaomsifu husahau kulitaja, nalo linamwongezea sifa. Timu inayofungwa hulazimika kurusha mpira ili kufukuza matokeo. Wapinzani wakishajua mpira utarushwa, hawana haja ya kusita ili kumkaba mkimbiaji, wanakuja moja kwa moja. Mzuiaji wa timu bingwa anapata robo nzima za mapumziko ya akili ambazo Thomas hakuzipata. Alifanya mtihani mgumu kuliko wenzake, na bado alama zake zilikuwa za juu.

Wanaompinga huanza na hoja rahisi: alipoteza kipaji chake. Hakucheza mechi hata moja ya mtoano. Mwaka 2015, dirisha la kubadilishana wachezaji lilipokuwa linafungwa, vyombo vya habari vya Marekani viliripoti kwamba Browns na Denver Broncos walikuwa karibu kuafikiana juu yake. Hawakuafikiana. Februari 2016 Denver wakatwaa Super Bowl ya 50, fainali ya ligi. Katika kikosi kile alikuwamo DeMarcus Ware, aliyekaa Dallas miaka tisa bila kombe. Mwaka 2023 Ware na Thomas waliingia siku moja kwenye Ukumbi wa Mashujaa wa mchezo huo, Canton, mmoja ana pete ya ubingwa na mwingine hana.

Hoja hii hainishawishi. Kwanza, mchezaji wa NFL mwenye mkataba haondoki kwa kutaka kwake. Ware mwenyewe aliachwa na Dallas ndipo akasaini Denver. Pili, Thomas alisema mara nyingi kwamba alitaka kuwapo siku Cleveland itakaponyanyuka. Siku hiyo haikuja akiwa uwanjani, lakini mji ule ulipata mtu mmoja wa kumtegemea kila Jumapili kwa miaka kumi na moja. Kuupima uaminifu wa namna hiyo kwa pete ni kutumia rula kupima maji.

Hoja nzito ni ya pili. Inahusu ukurasa wa nyuma wa namba ile.

Mike Webster alikuwa senta wa Pittsburgh Steelers, bingwa wa Super Bowl mara nne, misimu 17 kwenye ligi. Walimwita Mike wa Chuma kwa sababu hakukosa kazini. Miaka yake ya mwisho alipoteza kumbukumbu na mwelekeo, kuna siku alilala kwenye gari. Alifariki mwaka 2002 akiwa na umri wa miaka 50. Daktari Mnigeria aliyekuwa akifanya kazi Pittsburgh, Bennet Omalu, aliuchunguza ubongo wake na kukuta ugonjwa unaojulikana kwa kifupi kama CTE, uharibifu unaotokana na kichwa kupigwa tena na tena kwa miaka. Si lazima kiwe kipigo kimoja cha kuzimisha mtu. Vile vidogo vya kila siku, ambavyo mchezaji anainuka na kuendelea, vinajumlishwa pia.

Sasa isome tena namba 10,363. Ni orodha ya mahudhurio, lakini pia ni hesabu ya migongano, na mazoezi hayamo humo.

Mwaka uleule wa 2017 kuna mzuiaji mwingine aliyesoma ukurasa huo mapema. John Urschel, gadi na senta wa Baltimore Ravens, alikuwa akisomea shahada ya uzamivu ya hisabati pale MIT, chuo kikuu maarufu cha sayansi na teknolojia Marekani, huku akicheza. Agosti 2015 alipata mtikisiko wa ubongo mazoezini. Baadaye alieleza kwamba baada ya wiki tatu mwili ulikuwa tayari kwa mchezo, lakini uwezo wake wa kufikiri hisabati ya juu ulichelewa kurudi. Soma hapo mara mbili. Vipimo vya uwanjani vilimruhusu kabla akili yake haijamruhusu, na yeye alijua kwa sababu alikuwa na kazi nyingine ya kujipimia. Wachezaji wengi hawana kipimo hicho.

Tarehe 25 Julai 2017 ulichapishwa utafiti uliochunguza ubongo wa wachezaji 111 wa zamani wa NFL, na 110 wakakutwa na CTE. Siku mbili baadaye Urschel akastaafu, ana miaka 26. Alimaliza shahada yake mwaka 2021 na leo anafundisha MIT.

Ni kishawishi kumaliza hapo na kusema Urschel alikuwa na busara na Thomas hakuwa nayo. Haitakuwa haki. Bongo zile 111 zilitolewa na familia, na nyingi zilishaona dalili kwa wapendwa wao, kwa hiyo utafiti hausemi kwamba wachezaji 99 kati ya 100 wanaugua. Ugonjwa wenyewe bado huthibitishwa baada ya kifo. Tena zamu hazilingani. Senta na gadi hukutana na adui uso kwa uso, hatua moja mbali, helmeti kwa helmeti karibu kila mpira unapotoka. Wa ukingoni, hasa timu inaporusha, huanza amesimama na kurudi nyuma, na silaha yake ya kwanza ni mikono. Zamu 10,000 za Webster na zamu 10,000 za Thomas ni mizigo tofauti, na sifa aliyopewa Thomas kwa ufundi wa miguu ilikuwa pia kinga yake.

Lakini kinga si msamaha. Mwaka 2017, kabla ya jeraha lile, Thomas alisema hadharani kwamba kumbukumbu zake zimeanza kupungua na kwamba anatarajia mchezo umdai hilo. Alikuwa na miaka 32. Alijua, akaendelea. Kuna na mzigo mwingine ambao hauzungumzwi sana: kula. Wazuiaji wengi si wakubwa hivyo kwa asili, wanakula kupita njaa kila siku ili wasipungue. Alipostaafu Machi 2018, Thomas alipunguza zaidi ya kilo 20, na waliomwona walishangaa kukuta mtu mwembamba ndani ya jina lile.

Hukumu yangu ni hii. Simlaumu Thomas kwa kubaki. Alikuwa mtu mzima, alilipwa vizuri, alifahamu bei na akaitaja kwa mdomo wake. Ninacholaumu ni sisi tuliofanya kutokukosa kuwa kipimo cha uanaume wa nafasi hii. Mchezaji anayekaa nje wiki mbili kichwa kipone anasikia namba 10,363 ikitajwa kama fimbo, na kijana wa miaka 23 asiye na mkataba wa uhakika atarudi mapema kwa kuiogopa. Rekodi ya Thomas iheshimiwe kwa ubora wa kila zamu. Kule kufuatana kwake kusigeuzwe sheria kwa wengine.

Ligi nayo imesogea kidogo. Tangu 2011 mazoezi ya kugongana kwa vifaa kamili wakati wa msimu yamewekewa kikomo cha 14, na mwaka 2022 wazuiaji walianza kulazimishwa kuvaa kifuniko laini juu ya helmeti kwenye kambi za maandalizi. Thomas aliingia kabla ya yote hayo.

Hili si la Wamarekani peke yao tena. Aprili 2023 NFL ilileta kambi yake Nairobi kutafuta vijana wenye miili na wepesi. Mfano unaotajwa kuwavutia ni Jordan Mailata, kijana wa raga kutoka Australia ambaye hakuwa amecheza mchezo huu kabla ya kuchaguliwa mwaka 2018, na leo ni mzuiaji wa ukingo wa kushoto wa Philadelphia Eagles na bingwa wa Super Bowl. Njia ipo na inalipa. Mzazi atakayeletewa karatasi za kusaini, pamoja na kuuliza mshahara, amuulize kocha mwanawe atapangwa ukingoni au katikati, watagongana siku ngapi kwa wiki mazoezini, na nani mwenye neno la mwisho la kumrudisha uwanjani akishagongwa kichwa.