Kitambaa Juu ya Meza: Mchele wa Pasaka na Kitabu Chenye Kauli Mbili

Pasaka ya Kiyahudi, ambamo nafaka iliyochacha ni haramu, ikikaribia, lawama ile ile humrudia Rabi Moses Isserles wa Kraków, Poland, aliyefariki 1572: eti ndiye aliyewapokonya Wayahudi wa Ulaya mchele na maharage kwa siku 8. Vitabu vingi vya rejea vya mapishi huichochea lawama hiyo, kwa kuwa katazo la kunde huandikwa humo kwa mstari mmoja, bila kusema nani alikataza nini na kwa kiasi gani.

Chanzo chenyewe ni Shulhan Arukh, yaani "meza iliyoandaliwa", kitabu cha sheria ambacho Rabi Joseph Karo alikitungia Safed, mji wa Galilaya, kikachapwa Venice 1565. Penye hitilafu, Karo aliwapima wanazuoni 3: Alfasi, Maimonides na Asher ben Yehiel. Wawili wa kwanza ni wa Uhispania na Afrika Kaskazini. Wa tatu ni Mjerumani aliyehamia Toledo. Poland haikuwa na msemaji. Isserles angeweza kuandika kitabu cha kumpinga. Badala yake alitandika kitambaa juu ya meza ya mwenzake, na "kitambaa" ndilo jina la kazi yake: maelezo mafupi yanayoingia katikati ya maneno ya Karo, na katika machapisho ya kawaida yana herufi za umbo jingine ili msomaji asichanganye.

Soma fungu la 453. Karo anasema mkate usiotiwa chachu hutengenezwa kwa nafaka 5: ngano, shayiri, kusemethi (ngano ya kale), rai na oti. Mchele na jamii ya kunde havichachi, kwa hiyo ruksa kuvipika. Isserles anaongeza kwamba wapo wanaokataza, na desturi ya Ashkenazi, Wayahudi wa asili ya Ujerumani na Poland, ni kujizuia. Wengi huishia hapo, nao uungwana wote umo katika maneno yanayofuata: kunde zikiangukia chunguni, chakula hakiharamiki, mafuta yake yanaweza kuwashia taa, na si lazima kuzitoa nyumbani. Linganisha na ngano iliyochacha, ambayo hata chembe yake huharibu sufuria nzima ya chakula katika siku za Pasaka. Huyu ni mtu anayeandika mila kwa mkono mwepesi.

Sababu za mila zilikuwa za ghalani. Punje za ngano zilichanganyika na kunde shambani na kwenye magunia, na unga wa kunde ulifanana na wa ngano. Wasefaradi, Wayahudi wa asili ya Uhispania, hawakuipuuza hatari hiyo, ila waliitibu kwa mikono: mchele huchambuliwa mara 3, kidogo kidogo, kwenye sinia au kitambaa cheupe. Punje ya ngano ni nene, rangi ya kahawia, na ina mfereji tumboni. Ya mchele haina. Kosa la kawaida ni kumwaga lundo zima kwa pamoja, au kuroweka kwanza. Ngano iliyokwisha lowa haisubiri: kwa hesabu ya Karo, unga na maji vikiachwa bila kukandwa kwa dakika 18 huhesabiwa vimechacha.

Wanaopinga nao wana hoja. Mila iliyoandikwa huganda. Mahindi, yaliyotoka Amerika, yaliingizwa katazoni, huku viazi, ambavyo unga wake ni mweupe vile vile, vikiponyoka. Mjukuu wa Morocco akioana na mjukuu wa Poland, sufuria moja huwa na sheria mbili. Mwaka 2015 kamati ya sheria ya madhehebu ya Kiyahudi ya Conservative nchini Marekani iliruhusu kunde kwa Ashkenazi pia.

Hata hivyo, dosari hizo ni za waliokuja baada ya Isserles, na hakuna hata moja inayotibiwa na rejea yenye kauli moja. Abayudaya wa Mbale, Uganda, jamii ya Kiyahudi iliyoanzishwa 1919 na Semei Kakungulu kwa kusoma Biblia, hawana babu wa Kraków. Ensaiklopidia inayosema "Wayahudi hawali mahindi wakati wa Pasaka" inawatwisha ghala la Ulaya ambalo hawajawahi kulifungua. Ukurasa wa Karo na Isserles ungewauliza kwanza: ninyi mnafuata desturi ya nani?